Jioni Tulipoipungia Kilimia Mkono

Mwanangu Zuhura, kuna jioni moja ambayo haijanitoka kichwani tangu nikiwa msichana wa sare ya shule, na jana wewe umeirudisha yote bila kujua. Ulisimama pale kwenye mawe, tochi ya simu ya mama yako mkononi, ukaniita mimi shangazi yako, "Waya, kuja uone! Baba ananijibu!" Nikatazama ulikokuwa unatazama, juu kidogo ya maji, upande jua linakozamia. Nikakunyang'anya ile simu kwa ukali ambao hujauzoea kwangu, ukalia, ukaenda kulala bila kuniaga.

Leo nataka nikueleze kwa nini. Najua shangazi wa umri wangu hana mvi za kutolea nasaha. Wanaokaa na watoto na kuwaambia "sisi zamani zetu" ni watu wenye fimbo na miwani, na mimi vijana wa bodaboda wa Migori bado wananiita msupa. Lakini hili ninalijua mimi, na nikisubiri kuzeeka ndipo nikuambie, huenda likawa limeshakukuta. Kwa hiyo kaa hapa. Kula hiyo ndizi pole pole. Baba yako usimwogopee, amerudi alfajiri salama, unamsikia anavyokoroma.

Wakati huo mama yako Achieng alikuwa na mimba yako, ile kubwa ya kutembea mkono kiunoni. Baba yako, kaka yangu Ouma, alikuwa akivua omena hapa hapa Karungu na wenzake watatu. Kazi yenyewe unaijua. Wanatoka jua likishuka, siku zisizo na mbalamwezi, wanaziacha taa zielee juu ya maji, omena wanaufuata mwanga kama kumbikumbi, halafu wanazungushiwa wavu. Boti nyingi zilikuwa bado zinatumia karabai, mwanga wake wa njano. Boti ya Ouma ilikuwa imeingia kwenye taa mpya za betri, nyeupe zenye kabuluu kidogo. Zilikuwa sita, na walipenda kuziacha karibu karibu, kama vifaranga. Ungesimama ufuoni ungezitambua katikati ya taa zote za ziwa.

Na kulikuwa na mazoea yetu sisi watu wa ufuoni, wewe jana umeyafanya sawasawa kabisa. Mama au mke anatikisa tochi, kushoto na kulia. Walio majini wakiiona, mmoja anafunika taa kwa karai, anaifunua, anaifunika tena. Maana yake: tuko salama, kuleni, laleni.

Jioni hiyo ilikuwa ya msimu wa mvua ndefu. Upepo uliingia ghafla wakati anga bado lina wekundu, ukalikunja ziwa kama mtu anayekunja shuka kwa hasira. Boti zikaanza kurudi. Tukazipokea moja moja, watu wameloa, taa zimezimwa, wengine wameacha nyavu huko huko. Mpaka boti zote zikawa zimelala mchangani isipokuwa moja. Ya baba yako.

Nyanya yako alikuwa amesimama maji yakiwa magotini. Hakuwa analia. Alikuwa tu anaita jina, si kwa sauti, kama mtu anayemwamsha mtoto wa shule asichelewe. Wanaume walikuwa wameanza kumimina petroli kwenye injini waende kutafuta. Ndipo mvua ikakatika, mawingu ya upande wa magharibi yakafunguka, na chini kabisa, mbali, tukaona mwanga.

"Wale pale!" alipiga kelele Mama Kevo, jirani yetu aliyekuwa akiuza samaki wa kukaanga. "Hizo si taa za Ouma hizo? Hebu hesabuni!"

Tukahesabu. Sita. Zimeshikana vile vile. Zina kabuluu vile vile.

Nyanya yako akatikisa tochi kwa mikono miwili. Tukakaza macho wote. Taa zikametameta, moja ikafifia, ikarudi.

"Anajibu! Aki oneni vile anafunika na karai!"

"Huyu Ouma ni kichwa ngumu. Upepo wote huo na bado anavua!"

"Achieng, wewe kaa chini upumzike, bwanako ako sawa. Huyo mtoto atazaliwa akinguruma kama injini."

Tukacheka, Zuhura. Vigelegele vikapigwa mpaka mbwa wakaanza kubweka. Waliokuwa na mtungi wa petroli wakauweka chini wakaenda kula ugali wao. Mimi nilicheza, nakuambia, nilicheza pale mchangani na ndara zangu mkononi, nikiipungia boti ya kaka yangu mkono kama mtu aliyeko harusini. Kila tulipotikisa tochi, taa zilijibu. Kila zilipojibu, tulishangilia zaidi.

Sasa, wakati ule kulikuwa na mama mmoja wa Pwani pale senta, Bi Zuhura. Ndiye aliyekuwa na mkahawa wa mahamri na chai ya tangawizi, na siku ya Ijumaa biriani ambayo hata Wasabato wa kwetu walikuwa wakiinunua kwa kujificha. Kila jioni baada ya swala ya Isha alishuka ufuoni na ndoo yake kutafuta samaki wa kesho. Akatukuta katika furaha hiyo.

"Leo kuna nini? Mwampungia nani?"

"Ouma, Bi Zuhura! Tulidhani amekufa. Yule pale, anajibu."

Akaweka ndoo chini. Akatazama. "Wapi?"

"Zile taa sita."

"Zile?" Akacheka kidogo, kicheko cha mtu anayedhani anataniwa. "Jamani, ile si Kilimia?"

"Kilimia ni boti ya nani?" Mama Kevo akauliza.

"Si boti, mama. Nyota. Kwetu wazee wa shamba waliitazama hiyo ndipo wajue wakati wa jembe. Kila jioni iko hapo, mwaka ulipoanza ilikuwa juu huko utosini. Sasa yatua."

Mama Kevo alikataa. Alikataa kwa hasira hasa, mkono kiunoni. "Nyota gani inajibu tochi? Bi Zuhura, heshima nakupatia, lakini hii ni ziwa yetu sisi. Taa ya omena naijua tangu nizaliwe."

"Nyota ikiwa chini hucheza-cheza, mama. Hata usipoitikisia tochi yacheza. Haya, ngojeni. Taa ikiwa majini itabaki majini. Tuitazameni."

Hapo hakuna tena aliyetikisa tochi. Na zile taa, mwanangu, ziliendelea kumetameta bila kuulizwa.

Halafu zikashuka. Sijui nikuelezeje. Hazikuzima kama taa, hazikuzama kama boti, zilishuka zote pamoja, umbo lile lile, pole pole, kama zimefungwa kwa uzi mmoja na kuna mtu anauvuta kutoka ng'ambo ya ziwa. Zikaingia kwenye ukungu juu ya maji. Zikafifia. Hapakuwa na kitu.

Mama yako Achieng ndiye aliyesema, kwa sauti ndogo, mkono wake umeshika tumbo ulimokuwa wewe: "Kwa hiyo muda wote huu tulikuwa tunaongea na nani?"

Nimewahi kushtuka katika maisha yangu. Nimeshtuliwa na nyoka jikoni, nimeshtuliwa na simu za habari mbaya. Lakini mshtuko wa pale haujapata mwenzake. Nilikuwa bado na ndara mkononi, na mkono wangu ulikuwa bado juu, ule wa kupungia, na sikujua namna ya kuushusha. Nyanya yako alikaa ndani ya maji, akakaa tu, kama mtu aliyekatwa miguu. Mama Kevo alikuwa akisema "wololo, wololo" bila kukoma.

Ndipo watu wote wakakimbia kwa wakati mmoja. Wanaume wakarudi na matonge mdomoni, injini ikavutwa, ikakataa, tochi zikaanza kumulika kila upande, huyu anaita Ouma, huyu anaita Yesu. Na ziwa ni kubwa, Zuhura. Uende wapi? Mfangano? Muhuru? Upepo unawapeleka watu unakotaka wenyewe.

"Zimeni tochi!" Bi Zuhura alipaza sauti. Sikujua mama yule mpole anaweza kupaza sauti vile. "Zimeni zote! Mwajipofusha wenyewe!"

"Mtu yuko kwa maji na wewe unasema tuzime taa?"

"Baba, utaonaje gizani nawe umeshika jua mkononi? Zima!"

Hawakutaka. Ni nyanya yako aliyesema kutoka pale majini, "Zimeni," na kwa kuwa mtoto alikuwa wake, wakazima.

Giza likatufunika kama gunia. Kwanza sikuona hata vidole vyangu. Halafu, kidogo kidogo, nyota zikatoka, nyingi mno, sikujua zilikuwa zimejificha wapi. Maji nayo yakapata rangi. Watu wakanyamaza. Mimi nilikuwa nalia, na ili nisionekane niligeuza uso kushoto nijifute kwa bega, na pembeni mwa jicho langu kukawa na kitu. Kitu kidogo, hafifu, chini kabisa, upande wa lile jabali ambako gugu maji hukusanyika. Nikakigeukia, kikapotea. Nikatazama kando yake, kikarudi.

"Pale," nikasema.

"Wapi? Sioni."

"Usiangalie pale penyewe. Angalia kando yake."

Nilidhani nimepata wazimu. Lakini mama yako akasema, "Naona." Na Bi Zuhura akasema, "Kweli. Kipo."

Wanaume hawakuhitaji hata injini. Walisukuma boti kwa miti kupitia gugu maji, na kiboko alikuwa akikoroma karibu nao njia nzima. Boti ya Ouma ilikuwa imepinduka, imenasa katikati ya majani, na juu ya mgongo wake watu wanne wamejifunga kamba ya wavu wasiachane. Walikuwa wamebaki na taa moja tu, imeingia maji, mwanga wake umebaki kama moto wa sigara. Walikuwa karibu nasi, Zuhura. Karibu kiasi kwamba hata leo nikipita hapo sigeuzi kichwa.

Baba yako aliletwa hajui miguu iko wapi. Hakuweza kusema. Koo lilikuwa limekwisha kwa kupiga kelele, na hadi leo sauti yake ndiyo hii ya kukwaruza unayoiiga ukidhani hasikii. Kesho yake jua likiwa limewaka, nyanya yako akimnywesha uji, alinong'ona maneno ya kwanza:

"Tuliwasikia mkishangilia. Tukajua mmetuona. Tukangoja."

Nyanya yako aliendelea kukoroga uji ambao haukuhitaji kukorogwa.

Ulizaliwa kabla hata mwezi haujaisha tangu jioni ile, jina likatafutwa, na kaka yangu kwa sauti hiyo iliyokatika akasema Zuhura. Mtoto wa boma la Wasabato! Mchungaji alikohoa. Bi Zuhura mwenyewe alicheka hadi akajifuta machozi na leso, akasema hilo nalo ni jina la ile nyota kubwa inayowaka jioni kabla ya zote. Baadaye alirudi kwao Pwani. Lakini zaidi ya jina lako, habari ya jioni ile haikusemwa tena hapa Karungu. Ungemuuliza Mama Kevo, angekwambia kulikuwa na upepo, boti ikapinduka, Mungu akasaidia. Tuliona aibu. Watu wazima ufuo mzima, watoto wa ziwa, tumeshangilia nyota!

Mimi niliacha shule kidato cha pili nikaenda Homa Bay kusafisha vyumba katika hoteli moja ya kando ya ziwa. Kulikuwa na kijana aliyekuwa akiwatembeza wageni wanaotazama ndege, ana darubini yake shingoni. Jioni moja nikamwomba, akanipa, nikaielekeza kwa Kilimia ambayo nilikuwa sijaitazama tangu siku ile. Moyo ulikuwa unanidunda kama naenda kuonana na mtu aliyenikosea.

Nilipiga ukelele. Yule kijana akaja mbio. "Umeumwa na nini?"

"Si sita!" nikamwambia. "Omera, si sita! Ziko nyingi, zimejaa, ni kama mtu amemwaga chumvi!"

Kumbe hata tulipokuwa tumehesabu sawasawa, tulikuwa hatujahesabu. Kuanzia hapo nikawa nanunua bando na kusoma kwenye simu, pole pole, mengine nikiyaruka maana ni magumu. Nikajua hizo huitwa mafungu ya nyota. Ni nyota zilizozaliwa pamoja na bado zinasafiri pamoja, zimeshikana kama wale wanne kwenye kamba ya wavu. Na nikajua kuna watu waliotumia maisha yao kuzitafuta. Majina yao yatakukwaza ulimi, acha nikuambie tu walichofanya.

Kulikuwa na Mwitaliano aliyejitengenezea darubini, akaielekeza kwa Kilimia hii hii yetu. Mahali ambapo dunia nzima ilizoea kuona sita, yeye akachora zaidi ya thelathini. Nina hakika naye alipiga ukelele, ila hawakuandika. Kulikuwa na mwanamke wa Kijerumani aliyebaki mfupi kwa sababu ya ugonjwa wa utotoni. Mama yake alimwona ni wa kufanya kazi za nyumbani tu. Akaja kumsaidia kaka yake kutazama anga, na yeye mwenyewe akagundua mafungu ya nyota ambayo hakuna aliyekuwa ameyaona. Mwingine, Mfaransa, alikuja huku kwetu Afrika, kule kusini kabisa, na kidarubini kidogo cha kuchekesha, akaziona zile ambazo kutoka kwao Ulaya hazionekani.

Lakini aliyeniliza ni Mfaransa wa mwisho. Huyu hata hakuwa anatafuta mafungu ya nyota. Alikuwa anawinda nyota zenye mkia, zile zinazopita na kuondoka. Basi anaona kitu cheupe kama moshi, moyo unaruka, nimepata! Anangoja usiku mwingine, kiko pale pale, hakijasogea. Amedanganyika. Siku nyingine tena, kingine. Amedanganyika. Angeweza kunyamaza, kama sisi. Yeye akaandika wazi wazi: hapa palinidanganya, na hapa, na hapa, wewe unayekuja nyuma yangu usipoteze usiku wako. Katika orodha yake hiyo akaiweka na Kilimia. Na leo, mwanangu, nyota zake zenye mkia ni wachache wanaozitaja, lakini yale yaliyomdanganya ndiyo watu wanayatafuta na darubini dunia nzima, na mengi yake ni hayo mafungu ya nyota.

Nilisoma hayo nimekaa kwenye ngazi za hoteli na ufagio mapajani, nikalia. Maana nilimwona mtu ambaye alidanganyika kama sisi, akawaambia wenzake. Sisi hatukuwaambia hata watoto wetu. Na ndiyo maana jana, wakati baba yako alikuwa anavua nyuma ya jabali mahali ambapo hata tochi yako haifiki, wewe ulikuwa umesimama unacheka, unaipungia Kilimia, na inakujibu.

Nisamehe kwa ile simu. Hukukosea wewe, hukuambiwa.

Sasa sikia ninachotaka ubaki nacho. Wakati moyo wako unataka sana kuona kitu, hapo ndipo macho yako yatakupa hicho hicho, hata kama hakipo. Usikimbilie kushangilia. Zima kwanza mwanga wako mwenyewe, unyamaze, maana huenda kuna mtu karibu nawe anaita na kelele yako ndiyo inamfunika. Tazama na kando, kule ambako hukuwa na hamu ya kutazama. Ngoja uone kama kitabaki. Na siku utakapodanganyika, kwa sababu utadanganyika, hata wenye darubini walidanganyika, usikae nalo hadi liwe aibu ya ufuo mzima. Sema jioni hiyo hiyo. Wakicheka, wacheke wakiwa hai.

Nyasaye ogwedhi, Mungu akubariki, mwanangu. Akupe macho yanayovumilia giza bila kuliogopa, na masikio yanayosikia sauti ndogo, na miaka mingi, mingi kuliko yangu na ya baba yako tukiijumlisha. Nyota uliyopewa jina lake iwake juu yako kila jioni utakayorudi nyumbani.

Haya, osha mikono. Leo jioni baba yako atavua upande huu wa jabali. Nitakurudishia simu na tutashuka wote wawili, nikuonyeshe Kilimia, tuitazame hadi itue. Ikishatua, taa itakayokuwa imebaki juu ya maji ndiyo ya baba yako. Hiyo ipungie mkono.